Hodi ya Tatu

Sikuwahi kupenda filamu za Wazungu, na za Wazungu wa kaskazini ndiyo kabisa. Watu hawasemi, jua halitoki, mtu anamenya kiazi dakika tano nzima na wewe umekaa unamtazama. Lakini kazi ni kazi. Bibi niliyekuwa namtunza kule Arlington alizaliwa huko huko kwenye baridi, akaletwa Marekani na ndoa, na kila Jumamosi baada ya chakula cha mchana alitaka tutazame filamu moja ya kwao. Alisema tutazame, hakusema atazame. Basi nilikuwa navuta kiti, naweka mguu wake mmoja mapajani mwangu, namkanda kwa mafuta, huku nasoma maandishi ya Kiingereza yanayopita chini ya televisheni.

Jumamosi ninayoikumbuka ilikuwa ya Februari. Filamu ilikuwa ya mtoto wa kiume wa miaka kama kumi, anaishi peke yake ghorofani katika mji mkubwa wenye tramu. Mama yake ameondoka, na filamu haisemi ameenda wapi wala atarudi lini. Nikangoja kisa kianze. Hakikuanza. Mtoto anakata mkate, anafua soksi kwenye sinki, anazianika juu ya kiti, asubuhi anazivaa mbichi anaenda shule. Mwalimu anamuuliza, mama yako mbona haji kwenye kikao? Mtoto anajibu, amelala. Nikageuka nikamwona bibi machozi yanamtoka.

Nilikasirika. Sina cha kuficha leo, nilikasirika kweli kweli. Nikamwambia, "Bibi, mtoto huyu ana maziwa kwenye friji, ana maji ya moto, ana shule. Analia nini?"

"Yeye halii," akanijibu. "Ninayelia ni mimi."

Nikacheka kile kicheko cha mtu aliyetoneshwa kidonda. Kwa maana wakati ule na mimi nilikuwa na wangu, wa kike, wa miaka kumi vilevile, yuko peke yake kwenye chumba na sebule huko Bladensburg, mito miwili kati yangu na yeye. Na moyoni nilikuwa najisifu kwa ajili yake. Nilijiona nimelea mtoto shupavu.

Kazi yangu ilikuwa ya kulala huko huko. Naingia Ijumaa jioni, natoka Jumatatu asubuhi. Baba wa mtoto alikuwa amerudi Tanga kumuuguza mama yake, na katika kuuguza akapata mke mwingine, hakurudi. Dada yangu aliyekuwa ananishikia mtoto akahamia Texas kwa mumewe. Kumpeleka kwa watu wetu sikutaka, kwa sababu ningeulizwa mume yuko wapi, na jibu langu lingefika kwenye harusi ya watu kabla yangu mimi mwenyewe. Na hapa nchini mtoto wa umri ule akigundulika yuko peke yake siku tatu, serikali inakuja kumchukua. Hilo kila mama wa kwetu analijua, hata aliyeshuka kwenye ndege jana. Nililiogopa kuliko nilivyoogopa moto.

Kwa hiyo niliweka sheria. Pazia lisifunguliwe. Jiko lisiguswe, chakula kipashwe kwenye maikrowevu. Simu izimwe, iwashwe saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na mbili jioni tu, ninapopiga mimi, ili mlio wake usisikike kwenye ukumbi. Halafu mlango. Kwenye mlango ndipo nilipojiona nina akili kuliko wote.

Wamarekani hugonga tu, nikamwambia, na anayegonga bila kusema kitu ni mtu wa ofisi au mchuuzi, usimjibu. Lakini watu wa kwetu watapiga hodi. Na mtoto aliyefundishwa adabu akisikia hodi mdomo unamtoka wenyewe, karibu. Nilimfundisha mimi, akiwa na miaka miwili, nyumbani Tanga. Nasimama nje ya pazia la mlango napiga hodi, naye ndani anaitikia karibu, anacheka mpaka anakaa chini. Sasa nikamfundisha kuimeza.

"Hesabu," nikamwambia. "Mtu mwenye adabu hapigi hodi zaidi ya tatu. Ya kwanza, kaa ulipo. Ya pili, usipumue kwa sauti. Ya tatu ikipita, ataondoka, umepona." Adabu ya watu wetu niliigeuza komeo, na nikaona nimebuni jambo.

Akauliza, maana alikuwa mtoto wa kuuliza, "Na akisema ni wewe?"

"Mimi nina ufunguo. Ukisikia naita bila ufunguo, ujue wamenishika, wamesimama nyuma yangu. Usifungue."

Akaitikia kwa kichwa. Hakuuliza tena.

Sasa kwenye filamu mlango wa yule mtoto ukagongwa. Mama mmoja jirani, kofia ya sufu kichwani, amekuja na sufuria yenye kifuniko. Anagonga, anangoja, anamwita kwa sauti ndogo, anagonga tena. Mtoto yuko chini ya meza, kiganja kimeziba mdomo. Jirani anaiweka sufuria chini, anafikiri, anaiinua tena, anaondoka nayo. Nyayo zinaishia ngazini, na mtoto bado yuko chini ya meza na kiganja chake, muda mrefu, mpaka nikatamani mtu aje azime ile televisheni. Mlango wangu mimi nilikuwa nauwazia kutoka nje siku zote, upande wa anayegonga. Upande wa ndani sikuwahi kuukalia hata kwa mawazo.

Nikakumbuka simu ya asubuhi ile. Sauti ya mwanangu ilikuwa inakwaruza, na alikohoa mara mbili tatu. Nilimwambia apashe maji, akamulie ndimu. Kisha nikamwambia neno ambalo nikilikumbuka mpaka leo natamani ardhi inimeze: "Ukikohoa, kohoa kwenye mto, watu wasisikie."

Mguu wa bibi nikaushusha polepole. "Nina mtoto nyumbani," nikamwambia. "Yuko peke yake. Anaumwa." Ulikuwa mwaka wa pili namtunza na hakujua kama nina mtoto. Alinitazama, hakuniuliza ana miaka mingapi.

"Nenda," akasema. "Nitakaa hapa hapa. Sitainuka."

Kumwacha mgonjwa peke yake ni kosa la kufukuzwa kazi, na nilijua. Nikamsogezea glasi ya maji, nikavaa koti, nikatoka mbio. Treni, treni nyingine, kisha basi la Jumamosi ambalo huja likitaka. Safari ya saa moja na nusu. Nilipanda ngazi za kwetu mbili mbili, nikafika mlangoni nikapeleka mkono mfukoni. Shingoni nilikuwa nimevaa ufunguo wa bibi, kwa kamba, kama tulivyoagizwa kazini. Wangu ulikuwa kwenye mkoba wa chakula, Arlington, juu ya friji.

Nikapiga hodi. Mdomo ulitangulia akili.

Kimya. Nikapiga ya pili. Ndani nikasikia kikohozi kilichozibwa, cha kwenye mto, halafu basi.

"Ni mimi, mwanangu. Ni mama. Nimesahau ufunguo."

Kimya. Nikamwita kwa jina lake la utotoni. Nikamwambia kilichomo kwenye friji, wali na maharage kwenye bakuli la kijani, kitu ambacho hakuna mtu wa serikali angekijua. Nikalia, na kulia ndiko kulikoharibu kabisa, maana mtoto alisikia mama yake analia nje ya mlango, na mama yake ndiye aliyemwambia maana yake. Nilikuwa naisubiri hodi ya tatu initoke nikaiogopa. Nilijua nilichomfundisha baada ya hiyo. Nikaona nikiipiga nitakuwa nimejiondoa mwenyewe. Sikuipiga.

Mlango wa pili ukafunguliwa. Alikaa pale mama mmoja wa Bukavu, msafishaji wa vyumba vya hoteli, ambaye mimi na yeye tulikuwa watu wa salamu za ngazini tu.

"Bonjour mama. Hii njo nyumba yako?" akauliza. "Mutoto iko mugonjwa mule. Tangu jana nasikia anakohoa. Nilibisha hodi, mara tatu, mutu hajibu, nikaenda. Kila samedi naletaka sombe, nabisha, narudisha. Nilizania hamupendake siye Bakongomani."

Kila Jumamosi. Sombe ni kisamvu, mwanangu alikuwa akikipenda kuliko nyama. Miezi yote ile chakula cha moto kilikuwa kinasimama hatua moja kutoka kwake, kinapiga hodi tatu za adabu, kinaondoka, naye ndani anahesabu. Nikasema tu, "Ufunguo nimeuacha kazini. Hafungui. Nimemkataza."

"Ita ule mutu wa bureau, afungue."

"Hapana," nikasema. "Ofisi hapana."

Alinitazama mara moja, akaelewa. Alikuwa amepita kwenye makambi ya wakimbizi, watu wa namna ile hawahitaji kumaliziwa sentensi. Akaingia kwake akatoka na kigoda na bakuli lililofunikwa kitambaa. "Enda, chukua ufunguo. Mi nabakia hapa. Sitamubishia. Nitaikala tu, asikie mutu iko."

Nikarudi Arlington. Sijui kwenye treni ile nilikaa au nilisimama.

Bibi nilimkuta kwenye kiti kama nilivyomwacha, mikono mapajani, televisheni imeganda. Chini ya kiti zulia lilikuwa limelowa. "Nilisema sitainuka," akaniambia, na uso wake ulikuwa unaomba sifa. Ningeweza kuchukua mkoba nikaondoka. Niliwaza hivyo, na sioni haya kusema. Lakini humwachi mtu mzima kwenye mkojo wake, hata kama nyumba yako inaungua. Nikachota maji ya moto nikamwosha, nikambadilisha, nikageuza mto wa kiti, nikasugua zulia, dakika ishirini nzima, mikono inafanya kazi yake na mimi ninalia kwa hasira: hasira naye, hasira na ile filamu, hasira na mwanaume wa Tanga. Nikampigia mwanawe, nikamwambia nina dharura, aje akae na mama yake. Jumatatu yake nikapigiwa simu kuwa nisirudi tena.

Nikiwa mlangoni nikamuuliza bibi, "Mama yake yule mtoto alirudi?"

"Haikusema," akajibu.

Giza lilikuwa limeingia nilipofika Bladensburg mara ya pili. Jirani alikuwa kwenye kigoda chake, bakuli la sombe mapajani limepoa. "Hajasema kitu," akaninong'oneza. "Lakini iko pa mulango, huku chini. Nasikia anavuta pumuzi."

Nikatia ufunguo, nikasukuma, mlango ukagota kwenye kitu. Kilikuwa mgongo wake. Alikuwa ameketi sakafuni, ameuegemea mlango, mto ameukumbatia usoni. Muda wote ule kati yangu na yeye ulikuwa ubao mmoja tu. Paji la uso lilikuwa linachoma. Hakunikimbilia. Kwanza aliinama akatazama nyuma yangu, kuona nani amesimama. Halafu akatazama ufunguo mkononi mwangu. Halafu ndipo akanitazama mimi.

"Sikufungua," akasema. "Ulipiga hodi mbili, Ma. Nili-wait for three. Haikuja."

Nikachuchumaa mbele yake.

"Haikuja, so nikakaa. And I didn't cough. Hata mara moja."

Akangoja. Macho yalikuwa yanang'aa kwa homa, na alikuwa anangoja, na nilijua anangoja nini, kwa sababu uso uleule nilitoka kuuona Arlington. Mungu anisamehe, nilimpa. Nilimwambia, "Umefanya vizuri, mwanangu."

Homa iliisha kwa siku nne. Nikapata kazi nyingine, ya kufua mashuka kwenye nyumba ya wazee karibu na Beltsville, naingia asubuhi natoka alasiri, na Jumamosi kama kuna zamu anakaa kwa jirani. Hakubaki peke yake tena hata siku moja. Ukitaka kuhesabu, nilirekebisha. Lakini kwa jirani alikuwa anakaa na koti mwilini, ukingoni mwa kochi, anakula sombe yake, anasema merci kama alivyofundishwa, na hodi ikipigwa anaacha kutafuna. Jirani aliniambia, "Ile mutoto yako anasikilizaka sana." Hakuisema kama sifa.

Nilijaribu kumfundua, kumtoa nilichomfundisha. Nilikuwa natoka nje makusudi, nafunga mlango, napiga hodi kwa sauti ya mchezo kama ya Tanga. Alikuwa anaitikia karibu, vizuri kabisa, kama mwanafunzi anayesoma ubaoni, kisha anachungulia kwenye tundu, kisha anafungua. Hakucheka. Mchezo wenyewe tuliuacha bila kuambiana. Watu husema mwana umleavyo ndivyo akuavyo, nami siku zote nilidhani methali hiyo ni ya wenye watoto wakorofi.

Sasa ni mtu mzima. Anafanya kazi ya ofisi na anaishi Arlington, mitaa michache kutoka ilipokuwa nyumba ya yule bibi, ambaye alishafariki. Hajawahi kunijibu vibaya. Sikukuu ananitumia zawadi, nikiugua anaagiza dawa ziletwe mlangoni kwangu. Nilijaribu mara moja kumwomba msamaha kwa Jumamosi ile, nikakwama katikati, akanishika mkono akasema, "It's fine, Ma. Ulikuwa kazini." Sidhani ananichukia. Ingekuwa chuki ningejua pa kuanzia.

Mwezi uliopita nilipika sombe, namna ya Bukavu, kama jirani alivyonifundisha kabla hajahama. Nikaifunika kitambaa, nikapanda treni bila kumwambia, nikasema mama haombi miadi. Mtu mmoja aliyekuwa anatoka akanishikia mlango wa chini. Nikapanda hadi ghorofa yake. Kwenye ukumbi nilisikia televisheni yake, na kijiko kinagonga sufuria.

"Hodi," nikasema.

Televisheni ikazimwa. Kijiko kikanyamaza.

Nikangoja. Ufunguo wa pale sina, hajanipa na sijamwomba. Nikasema, "Hodi. Ni mimi, mwanangu. Mama." Nikasikia nyayo za soksi zinakuja, polepole, zikasimama upande wa pili wa ubao. Nikaweka kiganja mlangoni. Tundu la kuchungulia likawa jeusi.

Simu yangu ikatetemeka mfukoni. Ujumbe wake ulisema, "Ma, leo niko kazini mpaka jioni. Nitakupigia Sunday. Love you."

Niliusoma mara mbili. Nikamjibu, sawa mwanangu, kazi njema. Ndani nikasikia simu yake ikilia kidogo, karibu kabisa, kwenye usawa wa kifua changu, na ikazibwa haraka.

Nikaweka bakuli chini. Nilifikiri nikae pale sakafuni niegemeze mgongo mlangoni, mpaka jioni, mpaka Jumapili. Lakini nilijua anafanya nini mle ndani. Alikuwa amefika mbili. Alikuwa amebana pumzi anangoja ya tatu, na mara ya kwanza nilimngojesha mchana kutwa.

Basi nikasimama wima, nikaipiga, kwa sauti ya kawaida ya mtu mwenye adabu, ili asikie imepita, apumue. Kisha nikaondoka.